Jina la Zumaridi

Kila asubuhi mwalimu huita majina, na kila mtoto huitika kwa zamu yake. Tuseme kwamba leo darasani mwenu ameingia msichana mgeni. Mwalimu anaita Rehema, anaita Maria, anaita Neema, anaita Hadija, wala hakuna anayegeuza kichwa, kwani majina hayo mmeyazoea tangu utoto. Kisha anaita, "Zumaridi!" Mara vichwa vyote vyageuka nyuma. Mmoja acheka. Wa pili amnong'oneza jirani yake, akiuliza kama hilo ni jina la mtu au la dawa. Msichana aitika kwa sauti ndogo. Na wakati wa mapumziko amwendea mwalimu na kumwomba alifute jina lile katika daftari, amwandike jina jingine lo lote, mradi liwe la kawaida.

Mwalimu mwema hatamgombeza, wala hatashika kalamu upesi. Atamwambia, "Ngoja kwanza, mwanangu. Kabla hujalitupa, na tujue limetoka wapi." Basi nasi tufuatane nao.

Watu wa pwani yetu tangu zamani wamependa kuwaita watoto wao kwa majina ya vito. Yupo Lulu, yupo Johari, yupo Marjani, ambaye jina lake ni lile tumbawe jekundu la baharini. Almasi na Feruzi kwa kawaida ni majina ya wanaume. Tena yuko Margareti, ambaye pengine hajui ya kuwa jina lake ni neno la Kiyunani lenye maana ya lulu. Hivyo Lulu na Margareti wakikaa dawati moja, wamekaa watu wawili wenye jina moja. Zumaridi ni wa ukoo huo huo wa vito, ila yeye hukutana naye mara chache sana.

Na jiwe lenyewe pia ni adimu. Zumaridi ni jiwe la kijani, la jamii ya mawe yaitwayo berili. Berili iliyo safi kabisa haina rangi, nawe waweza kuona kupitia ndani yake kama katika maji. Walakini ikipata chembe chache za madini yaitwayo kromi wakati inapofanyika ardhini, hugeuka kijani. Si kijani cha kila jani, bali kile cha jani changa la mgomba jua linapolipiga baada ya mvua. Shida ni hii: vitu viifanyavyo berili hupatikana zaidi katika miamba myeupe ya jamii ya matale, na kromi hukaa katika miamba myeusi, mizito, iliyotoka chini sana. Miamba hiyo ya namna mbili haikutani ila kwa nadra. Mahali inapokutana, maji ya moto yenye madini hupenya kutoka mwamba mmoja hata mwingine, na hapo, penye joto na msukosuko, ndipo zumaridi hufanyika.

Kwa sababu ya msukosuko huo, zumaridi nyingi zina nyufa ndogo ndogo na madoa ndani yake. Wafaransa huyaita madoa hayo "bustani" ya jiwe, kwa kuwa yafanana na majani na mizizi. Ungedhani kwamba fundi wa vito akiona bustani hiyo atakunja uso. Kumbe sivyo. Kipande kikubwa cha kijani kisicho na doa hata moja ndicho kimtiacho shaka, akakigeuza-geuza chini ya kioo cha kukuzia, kwani yamkini kitu hicho ni chupa tu.

Sasa tulifuate neno. Wayunani wa kale waliliita jiwe hilo smaragdos. Wataalamu wengi wa lugha hulihusisha neno hilo na maneno ya Kisemiti yenye maana ya kumeta kama umeme. Hata leo Mwarabu huuita umeme wa mawinguni barki, na katika Torati ya Kiebrania limetajwa jiwe moja la kifuani pa kuhani mkuu, jina lake bareketi; nao Wayahudi walioifasiri Torati kwa Kiyunani waliliandika smaragdos. Katika Bara Hindi jiwe hilo liliitwa marakata. Yatamke maneno hayo moja baada ya jingine kwa sauti, nawe utasikia jinsi yalivyo ndugu.

Jiwe lenyewe Wayunani na Warumi walilipata zaidi Misri, katika milima ya jangwa iliyo kati ya mto Nile na Bahari ya Shamu. Warumi waliuita mlima ule Mons Smaragdus, yaani Mlima wa Zumaridi. Wachimbaji waliingia katika mashimo membamba, wakitambaa, wakafuata mwamba mweusi unaong'aa mpaka walipoona kijani. Mahali paitwapo Sikait pangali na mahekalu yaliyochongwa katika jabali, na magofu ya nyumba za watu wa kazi ile. Baadaye machimbo yale yaliachwa, yakasahauliwa na watu wa Ulaya, hata Mfaransa aitwaye Frédéric Cailliaud alipoyafikia tena mwanzoni mwa karne ya 19, akitumwa na mtawala wa Misri, Muhammad Ali.

Plinius, Mrumi aliyekufa mwaka 79 mlima Vesuvius ulipolipuka, aliandika habari nyingi za mawe. Asema kwamba mafundi wachongao vito, macho yao yakichoka, walikuwa wakiyapumzisha kwa kutazama zumaridi. Asema tena kwamba Kaisari Nero alitazama mapigano ya watu uwanjani kwa jiwe hilo. Lakini tusome habari hizo kwa akili. Watu wa zamani zile waliita smaragdos karibu kila jiwe zuri la kijani, kwa hiyo huenda jiwe la Nero halikuwa zumaridi tuijuayo sisi.

Tangu hapo neno lilishika njia mbili, nazo ziliachana mbali sana.

Njia ya kwanza ilikwenda magharibi. Warumi walisema smaragdus. Waliowafuata walilikata na kulilainisha, kama mawimbi yalainishavyo kokoto. Wahispania hawawezi kuanza neno kwa sauti ya s ikifuatwa na m, wakatanguliza e mbele yake, wakapata esmeralda. Waingereza, waliolipokea kwa Wafaransa, hawana hata ile s. Wao husema emerald. Katika nchi za Wahispania Esmeralda likawa jina la wasichana, na mwaka 1831 Mfaransa Victor Hugo alilieneza zaidi kwa kitabu chake cha habari za kanisa kuu la Paris, ambamo msichana mchezaji ngoma aitwa Esmeralda. Naye shingoni alivaa kifuko cha hariri ya kijani, na juu yake kipande cha kioo cha kijani kilichofanywa kifanane na zumaridi. Basi hata yule msichana mashuhuri alipata jina kwa kioo, si kwa jiwe!

Njia ya pili ilikwenda mashariki, kwa watu wa Shamu na Uajemi, nchi ambayo leo yaitwa Iran. Waarabu wakasema zumurrud. Waturuki wakasema zümrüt, na Warusi walilichukua kwa Waturuki wakasema izumrud. Kwa Waajemi na kwa Waturuki ni jina la wanawake hata leo. Hatimaye neno lilishuka katika pwani yetu pamoja na maneno mengine mengi ya Kiarabu. Nasi tulifanya kama walivyofanya Wahispania, ila upande wa pili. Wao walitia irabu mwanzoni. Sisi, tusiopenda neno liishie kwa sauti iliyofungwa, tulitia irabu mwishoni. Yaqut ikawa yakuti, marjan ikawa marjani, almas ikawa almasi, na zumurrud ikawa zumaridi. Wasomaji wa Biblia walikutana nayo tena katika kitabu cha Ufunuo, ambamo upinde wa mvua uliokizunguka kiti cha enzi wafananishwa na zumaridi.

Katika njia hiyo ya mashariki yuko msichana ambaye napenda mumjue. Habari zake zimo katika hadithi za Alfu Lela Ulela. Jina lake ni Zumurrud, naye alikuwa mtumwa aliyeuzwa sokoni. Dalali alimpa ruhusa ya kumchagua bwana wake, naye akawakataa matajiri wazee mmoja mmoja, akimpa kila mmoja neno la kumchoma. Mwisho akamchagua kijana aitwaye Ali Shar, ambaye alikuwa ameuponda urithi wa baba yake, wala hakuwa hata na chakula cha siku ile. Zumurrud mwenyewe alimpa kwa siri mfuko wa dinari elfu moja ili amnunue! Kisha akamtuma kununua hariri na nyuzi za dhahabu, akatarizi mapazia mazuri, wakaishi kwa kazi ya mikono yake. Alimwonya asimwuzie pazia mtu asiyemjua. Ali Shar hakusikia, na kwa kosa hilo Zumurrud aliibwa.

Alitoroka kwa werevu, akavaa nguo za kiume, akapanda farasi, akafika penye mji ambao mfalme wake amekufa bila mtoto. Desturi ya mji ule ilikuwa kumtawaza mtu wa kwanza atakayetokea njiani. Wakamtawaza, wakimdhani mwanamume. Akapunguza kodi, akawafungua wafungwa, watu wakampenda. Kisha akaamuru kwamba kila mwezi uandamapo watu wote waje uwanjani kula pamoja mbele yake. Unaona shabaha yake? Mmoja baada ya mwingine, wale waliomwiba walipita katika mji, wakaketi kula, na kila mmoja alijinyoshea mkono kwenye sahani ile ile ya wali mtamu. Mfalme akajifanya kupiga ramli, akawatajia majina yao ya kweli na makosa yao mbele ya watu wote. Mwisho alikuja Ali Shar, amekonda kwa huzuni, akaketi penye sahani ile ile. Watu wakamhurumia, wakidhani siku zake zimekwisha. Lakini ramli ya safari hii ilisema mengine.

Njia zile mbili za neno zilikuja kukutana, na kilichozikutanisha ni jiwe. Katika karne ya 16 Wahispania waliteka nchi ambayo sasa yaitwa Colombia. Huko, mahali paitwapo Muzo, wenyeji walikuwa na zumaridi nzuri kupita zile za Misri, nao walipigana miaka mingi kabla ya kushindwa. Mawe yakapakiwa merikebuni. Mengine yalipelekwa mpaka Bara Hindi, kwa kuwa wafalme wa Kimughal waliyapenda kuliko watu wote. Jiwe lililopakiwa kwa jina la esmeralda lilipakuliwa kwa jina la zumurrud. Watu wa bandari zote mbili walisema neno moja wasijue. Moja la mawe hayo lina uzito wa karati 217 na zaidi kidogo, na juu yake zimechongwa dua kwa herufi za Kiarabu, pamoja na mwaka 1107 wa Hijra, ambao ulianza mwaka 1695. Sasa limewekwa katika nyumba ya makumbusho huko Doha, Qatar.

Karati tano ni gramu moja. Nawaambia hivyo ili mweze kupima habari hii ya Zambia. Katika machimbo ya Kagem, katika nchi ya Copperbelt, mwaka 2010 lilitoka jiwe la zumaridi la karati 6,225, lisilochongwa bado. Mwaka 2018 likatoka la karati 5,655, na mwaka 2021 la karati 7,525. Mawe makubwa namna hiyo hupewa majina, kama watoto. La kwanza waliliita Insofu, la pili Inkalamu, la tatu Chipembele. Na kwa Kibemba maana yake ni tembo, simba na kifaru. Kwingine watu huchukua jina la jiwe wakampa mtoto, na hapa jiwe ndilo lililoomba jina.

Na kwetu je? Kwa miaka mingi jina la zumaridi lilitamkwa pwani, likatiwa katika mashairi na katika vitabu, na watu walidhani kwamba jiwe lenyewe ni la nchi za ng'ambo tu. Karibu na mwaka 1970 zumaridi ilionekana katika mwamba mweusi karibu na ziwa Manyara, Tanzania. Ilikuwa imelala pale tangu kabla ya Wayunani, kabla ya mtu ye yote kuliita jiwe lile kwa jina lo lote. Neno lilizunguka kwa jahazi na kwa ngamia mpaka likafika katika nchi ambayo jiwe lake lilikuwa limekwisha kuwamo.

Kengele ya mapumziko imelia. Mwalimu ameliacha daftari wazi juu ya meza, na kalamu kando yake, na msichana yule mgeni bado amesimama, anasoma jina lake.

Maswali

1. Kwa nini fundi wa vito hushuku zumaridi isiyo na doa?
2. Wahispania walibadili nini katika neno walilopokea, na Waswahili walibadili nini?
3. Zumurrud aliwezaje kuwakamata watu waliomwiba? Ieleze hadithi kwa maneno yako mwenyewe.
4. Fanya hesabu: jiwe liitwalo Chipembele lina uzito wa gramu ngapi?
5. Mwulize bibi au babu yako ni nani aliyekupa jina lako, na kwa sababu gani. Andika majibu yake.