SOMO LA MWEZI: Mbuzi, Miti na Kisiwa cha Saint Helena

Leo hebu twende mbali kidogo. Katika bahari ya Atlantiki, kilomita kama 1,900 kutoka pwani ya Afrika, kuna kisiwa kidogo kiitwacho Saint Helena. Wareno walipokifikia mwaka 1502 hapakuwa na watu wala mbuzi. Kulikuwa na msitu, na miti mingine haikupatikana popote pengine duniani.

Wareno wakaacha mbuzi huko ili mabaharia wapate nyama. Wazo zuri, sivyo? Shida ni kwamba hapakuwa na mchungaji. Mbuzi wakazaana, wakala kila mche uliochipuka. Miti mikubwa ilikuwa bado imesimama, kwa hiyo hakuna aliyeshtuka. Ilipozeeka na kuanguka, kumbe haikuwa na warithi!

Waingereza walihamia kisiwani mwaka 1659. Wao wakaongeza shoka: wakakata kuni na kubandua magome ya kutengenezea ngozi. Mvua ikachukua udongo. Mwaka 1745 gavana alilalamika kwamba mbuzi wanamaliza eboni, mti wa kisiwa hicho. Wakubwa wake huko London wakajibu kwamba mbuzi wana thamani kuliko eboni.

Baadaye watu walidhani eboni imekwisha kabisa. Lakini mwaka 1980 mwenyeji mmoja, George Benjamin, aliona vichaka viwili kwenye jabali ambapo mbuzi hawakufika. Vipandikizi vilichukuliwa, na leo eboni imepandwa tena. Mzeituni wa kisiwa haukubahatika; wa mwisho ulikufa mwaka 2003.

Tangu mwaka 2000 wananchi wenyewe wanapanda Msitu wa Milenia mahali palipobaki kavu. Kazi ni ya polepole, maana kurudisha ni kugumu kuliko kutunza.

Tumejifunza nini? Mbuzi si adui. Ndio karo na maziwa yetu. Adui ni mbuzi asiyechungwa. Tena tusihesabu miti mikubwa tu. Tuiname, tutazame kama kuna miche chini yake.

Maswali ya kujadiliana:
1. Katika kilima chetu, ni miti gani ya asili isiyo na miche?
2. Nani kati yetu anajua mahali mti adimu umebaki?
3. Tutafunga mbuzi wapi, na nani atakata majani, miche ikiwa michanga?