Bima Italipia Akupancha? Uliza Kabla ya Sindano

Kazi zinazotupokea wengi wetu tukifika Marekani ni kazi za mgongo: kuwainua wazee kwenye nyumba za kuwalea, kupanga maboksi ghalani, kusimama kutwa kwenye kiwanda cha nyama. Baada ya miaka michache kiuno kinaanza kudai chake. Daktari anaandika vidonge, vidonge vinatuliza, maumivu yanarudi. Kisha mtu unayesali naye anakwambia, kajaribu akupancha, zile sindano nyembamba za Wachina, mimi zimenifaa. Hapo swali linakuwa la pesa. Bima italipa?

Mara nyingi inalipa, ila kwa masharti, na masharti yenyewe yamekwisha kupangwa kabla hujapanda kitandani. Ni nadra bima kulipia akupancha hivi hivi tu. Inalipia maradhi fulani, yaliyotibiwa na mtu mwenye sifa fulani, kwa idadi fulani ya mara. Kimoja kikikosekana, sindano zilezile zilizokupa nafuu zinageuka deni lako. Kwa hiyo kazi kubwa ya mgonjwa ni kuuliza mapema na kuandika alichojibiwa.

Anza na muhtasari wa bima yako

Bima ya afya unayopewa kazini, au unayoinunua mwenyewe kwenye soko la serikali, inalazimika kisheria kukupa muhtasari wa huduma zake, karatasi zisizozidi kurasa nane. Kama huna, omba. Ni bure, na wanatakiwa wakupatie ndani ya siku saba za kazi. Ruka majedwali ya bei yaliyo mbele, nenda karibu na mwisho. Utakuta visanduku viwili: kimoja kinataja huduma ambazo bima hiyo kwa kawaida hailipii, kingine kinataja huduma nyingine inazolipia. Akupancha lazima itajwe katika kimojawapo, na kwa kuwa orodha hufuata alfabeti, huwa karibu na juu.

Ukiikuta kwenye kisanduku cha zinazolipiwa, usishangilie bado. California, kwa mfano, ni miongoni mwa majimbo yaliyoiingiza akupancha katika huduma za msingi ambazo bima za watu binafsi na za kampuni ndogo lazima zitoe, lakini kwa kawaida ni kwa ajili ya kichefuchefu, au iwe sehemu ya mpango wa kutibu maumivu sugu. Anayetaka sindano kwa sababu hapati usingizi atatoa mfukoni.

Wenye Medicaid wakumbuke kwamba kila jimbo lina utaratibu wake. Medi-Cal ya California iliirudisha akupancha Julai 2016. Ohio ilianza mwaka 2018 kwa maumivu ya kiuno na kipandauso. Yapo majimbo yasiyotoa hata senti. Usiende kliniki kwa habari za ndugu aliye jimbo jingine, hata kama kadi zenu zote zimeandikwa Medicaid.

Tena, kama mgongo uliumia kazini, bima yako ya kawaida siyo ya kwanza kuguswa. Kuna fidia ya wafanyakazi, inayolipwa kwa upande wa mwajiri, na California ni mojawapo ya majimbo ambako fidia hiyo inaweza kulipia akupancha. Mwarifu msimamizi wako kwa maandishi siku hiyohiyo. Watu wetu wengi hunyamaza wakiogopa kufukuzwa, kisha bima ya afya inakataa madai yao kwa kuwa jeraha ni la kazini, na muda wa kudai fidia nao umewapita. Kunyamaza huko kunatugharimu mno.

Wazazi wetu wenye Medicare

Kwa miaka mingi Medicare ilikataa akupancha kabisa. Ilianza kulipa tarehe 21 Januari 2020, wakati serikali ikihangaika kupunguza matumizi ya dawa za maumivu za jamii ya opioidi zilizokuwa zikiua watu. Inalipia jambo moja tu: maumivu sugu ya mgongo wa chini. Yawe yamedumu wiki 12 au zaidi. Yasiwe yametokana na saratani iliyosambaa, maambukizi au ugonjwa wa uvimbe wa viungo. Yasihusiane na upasuaji wala ujauzito. Goti, bega, shingo na kichwa havimo.

Mzee akitimiza hayo anapata mara 12 ndani ya siku 90. Nafuu ikionekana, anaongezewa mara 8, jumla isizidi 20 kwa mwaka. Nafuu isipoonekana, Medicare inataka matibabu yasimamishwe. Yeye atalipa asilimia 20 ya gharama iliyoidhinishwa, baada ya kumaliza kile kiasi cha mwaka ambacho kila mwenye Medicare hujilipia kwanza. Mwaka 2025 kilikuwa dola 257.

Linaloumiza wengi ni la mtoa huduma. Medicare haimlipi mtaalamu wa akupancha moja kwa moja, hata awe na leseni safi na uzoefu wa miaka 30. Madai yanapelekwa na daktari, au na nesi bingwa au msaidizi wa daktari aliyekidhi masharti. Mtaalamu wa akupancha anaweza kuchoma sindano chini ya usimamizi wao, akiwa na shahada ya uzamili au ya uzamivu kutoka chuo kilichoidhinishwa na leseni hai ya jimbo. Maana yake, ile kliniki nzuri ya mtaani yenye mtaalamu peke yake haitalipwa na Medicare, na ukilipa mwenyewe, risiti yake hairudishiwi pesa. Swali la kuuliza mapokezi ni moja: nani atapeleka madai Medicare, na kwa jina la nani?

Kama mzazi yuko kwenye Medicare Advantage, yaani ile inayoendeshwa na kampuni binafsi, baadhi huongeza mara au maradhi zaidi ya hayo, lakini mara nyingi zinakutaka umwone mtaalamu aliye na mkataba nazo.

Simu moja, daftari mkononi

Namba iko nyuma ya kadi. Jambo la kwanza kusema ni kwamba unataka mkalimani wa Kiswahili. Kampuni za bima na kliniki zinazopokea fedha za serikali kuu zinatakiwa kisheria kukupa mkalimani bila malipo, na haziruhusiwi kumtegemea mtoto wako mdogo akutafsirie, isipokuwa kwa dharura. Nasisitiza hili kwa sababu nyumba nyingi zimemfanya mtoto wa darasa la sita kuwa wakili wa familia. Kiingereza anakijua, ndiyo. Mambo ya bima hayajui, na si haki kumbebesha bili ya mama yake.

Akishakuja mkalimani, taja maradhi yako kwa namba yake kama daktari amekwisha kukupa, kisha taja namba za tiba. Akupancha isiyotumia umeme huandikwa 97810 kwa dakika 15 za kwanza na 97811 kwa kila dakika 15 zinazoongezeka. Ya umeme ni 97813 na 97814. Uliza: kwa maradhi haya mnalipia namba hizi? Kinahitajika kibali cha awali, au barua ya daktari wangu wa kawaida? Ni mara ngapi kwa mwaka, na je, hesabu hiyo inachanganywa na ya fiziotherapia? Nimebakiza kiasi gani cha kujilipia kabla hamjaanza kutoa? Mwisho omba jina la anayekujibu na namba ya kumbukumbu ya simu, andika pamoja na tarehe. Daftari hilo ndilo litakalosema siku watakapodai kwamba hukuwahi kuambiwa.

Kisha ipigie kliniki, na hapa sikiliza kwa makini. "Tunapokea bima yako" na "tuna mkataba na bima yako" ni mambo mawili tofauti. Anayepokea tu anaweza kupeleka madai, bima ikatoa kidogo, na salio likakufuata nyumbani. Uliza neno mkataba, na uwatajie jina kamili la mpango ulioandikwa kwenye kadi.

Mbele ya daktari, sahau adabu ya salamu

Tumelelewa kujibu "salama" kwanza, shida baadaye. Kwa jirani ni adabu nzuri. Kwenye kliniki, inaweza kumgharimu mzee matibabu. Daktari anauliza, "Mgongo unaendeleaje?" Mama anatabasamu: "Namshukuru Mungu." Mkalimani anatafsiri, daktari anaandika kwamba mgonjwa anaendelea vizuri. Faili likifika bima, anayelisoma haoni sababu ya kumlipia mtu anayeendelea vizuri.

Binti aliyekaa pembeni amnong'oneze: "Mama, mwambie kuhusu ugali." Na mama aseme ukweli wote: siwezi kusimama jikoni hadi ugali uive, usiku naamka mara tatu kujigeuza, na hali hii ilianza kabla ya Pasaka. Hapo daktari ana cha kuandika: maumivu yalianza lini, na hivyo wiki 12 zimepita au la, na yanamzuia kufanya nini. Baada ya sindano kadhaa maneno yanabadilika: sasa nasimama hadi ugali unaiva, lakini kuinama kuvaa viatu bado. Nafuu inayopimwa kwa vitendo vya nyumbani, ikiandikwa kila safari, ndiyo inayompa mzee zile mara 8 za nyongeza. Mwombe daktari aandike hivyohivyo, na uombe nakala. Faili ni haki yako.

Siku ya sindano yenyewe sina mengi ya kusema, ila moja: kila sindano itoke kwenye pakiti yake mpya mbele ya macho yako. Tangu 1996 mamlaka ya chakula na dawa ya Marekani, FDA, inataka sindano za akupancha ziwe safi zisizo na vijidudu na zitumike mara moja tu.

Bili ikija

Kwanza itakuja barua ya bima yenye maneno kwamba hii si bili. Usiitupe. Linganisha tarehe na namba zilizomo na siku ulizokwenda. Zile dakika 15 zinahesabiwa kwa muda ambao mtaalamu yuko nawe ana kwa ana. Dakika ulizolala peke yako taa ikiwa imepunguzwa, sindano mwilini, hazihesabiwi. Na 97811 inadai sindano ziwe zimechomwa tena. Kama hukuunganishwa na umeme, 97813 haina kazi kwenye barua yako. Kuumikwa na dawa za mitishamba kwa kawaida havilipiwi, kwa hiyo uliza bei kabla hujakubali.

Kwa asiye na bima, au anayelipa taslimu kwa hiari yake, sheria inayotumika tangu 1 Januari 2022 inampa haki ya kupewa makadirio ya gharama kwa maandishi kabla ya miadi iliyopangwa. Bili ikizidi makadirio kwa dola 400 au zaidi, anaweza kuipinga rasmi. Mwenye akaunti ya akiba ya matibabu isiyokatwa kodi anaweza kuitumia, kwani mamlaka ya kodi inaitambua akupancha kuwa gharama ya tiba.

Wakikataa

Soma sababu kabla hujakasirika. Mara nyingine kosa ni la karani. Kwa mfano, namba ya maumivu ya kiuno, M54.5, ilifutwa tarehe 1 Oktoba 2021 na nafasi yake ikachukuliwa na M54.50, M54.51 na M54.59. Madai yenye namba ya zamani yanarudishwa hata kama mgonjwa anastahili. Hilo halihitaji rufaa. Kliniki inarekebisha na kupeleka upya.

Wakisema matibabu hayakuwa ya lazima, kata rufaa. Kwa bima za kazini na za sokoni una siku 180 tangu upate taarifa. Ambatisha maelezo ya daktari, zile habari za ugali na viatu, na umwombe ataje mwongozo wa American College of Physicians wa mwaka 2017, ambao unapendekeza maumivu sugu ya mgongo wa chini yaanze kutibiwa bila dawa, akupancha ikiwa miongoni mwa tiba zilizotajwa. Wanatakiwa kujibu ndani ya siku 30 kama bado hujatibiwa, siku 60 kama umekwisha kutibiwa. Kwa Medicare ya kawaida muda wa kukata rufaa ya kwanza ni siku 120.

Bima ikikataa tena kwa sababu ileile ya kitabibu, una miezi minne ya kuomba mtathmini wa nje asiye mwajiriwa wao. Uamuzi wake unaifunga bima: akisema walipe, wanalipa. Kama una barua ya kukataliwa uliyoihifadhi kwenye droo, itoe leo uangalie tarehe yake.