Gemu Isipoonekana, Usikimbilie Kununua Kioo Kipya

Kompyuta iliyotumika huifikia Kasulu au Kibondo baada ya safari ndefu. Yaweza kuwa ilikaa miaka kadhaa katika ofisi fulani huko Ulaya, ikashushwa Dar es Salaam, ikapitia maduka ya Kariakoo, kisha ikasafirishwa zaidi ya kilomita 1,000 hadi nyanda za juu za Kigoma. Njiani hutenganishwa na kioo chake cha awali. Muuzaji huiunganisha na kioo chochote alichonacho dukani, na mnunuzi akifika nyumbani huiunganisha na kingine, pengine televisheni ya sebuleni. Hapo ndipo huzaliwa tatizo la somo hili. Kompyuta inawaka, filamu zinaonekana, lakini gemu ikifunguliwa kioo kinakuwa cheusi, au kinaandika maneno ya Kiingereza kama vile "Out of Range" au "Input Not Supported", huku sauti ya gemu ikiendelea kusikika.

Mwenye kompyuta huipeleka kwa fundi. Fundi mwaminifu hulimaliza jambo hilo kwa dakika chache. Asiye mwaminifu, au asiyejua, husema kioo kimekufa au kadi ya picha imeungua, na fedha iliyotokana na gunia la maharage huishia kununua kifaa ambacho hakikuhitajika. Somo hili linalenga kumwezesha mlaji kutofautisha kifaa kilichoharibika na mpangilio uliokosewa, kabla hajatoa fedha mfukoni.

Picha ya kompyuta imeundwa kwa nukta ndogo zilizopangwa kwa safu. Kioo cha inchi 17 au 19 cha umbo la karibu na mraba, cha aina iliyokuwa ikitumika sana maofisini, kwa kawaida kina nukta 1,280 kwa upana na 1,024 kwa kimo. Televisheni bapa nyingi zina nukta 1,366 kwa 768, au 1,920 kwa 1,080. Mbali na idadi ya nukta, picha huchorwa upya mara nyingi kila sekunde, aghalabu mara 60. Hesabu hiyo ndiyo inayoonyeshwa kwa herufi Hz katika mipangilio. Kila kioo kina ukomo wake katika mambo hayo mawili. Kikipokea picha iliyovuka ukomo huo, hukataa kuionyesha, nacho husema hivyo. Maneno "Out of Range" yana maana hiyo tu: picha iliyoletwa iko nje ya uwezo wa kioo hiki. Kioo kinachoweza kuandika maneno hayo ni kizima.

Mbona basi filamu zionekane na gemu ikatae? Kwa sababu gemu nyingi zina njia tatu za kujionyesha. Yaweza kukaa ndani ya dirisha kama programu nyingine. Yaweza kujaza kioo chote lakini ikafuata mpangilio uliopo. Au yaweza kukitwaa kioo chote na kuagiza idadi ya nukta inayoitaka yenyewe. Njia hii ya tatu, iitwayo "Fullscreen" katika gemu nyingi, ndiyo yenye matatizo. Gemu huhifadhi agizo lake katika faili na kulirudia kila inapofunguliwa, hata kama kompyuta imehamishiwa kwenye kioo kingine. Gemu iliyojaribiwa dukani kwenye kioo cha nukta 1,920 kwa 1,080 itaagiza nukta hizo hizo nyumbani kwako, kwenye kioo cha zamani kisichoziweza. Hali huwa mbaya zaidi kwa gemu iliyonakiliwa kwa flashi kutoka kompyuta ya mtu mwingine, kwani hubeba na mipangilio ya huko. (Tuseme pia, kwa kupita, kwamba gemu iliyonakiliwa kinyume cha sheria haina muuzaji wa kumlalamikia.)

Sasa tuingie katika upimaji. Zima kompyuta, kisha iwashe huku ukitazama kioo. Je, jina la mtengenezaji linaonekana mwanzoni? Je, Windows inafunguka na maandishi yanasomeka bila kuyumba? Ikiwa jibu ni ndiyo kwa yote mawili, basi kioo na kebo vinafanya kazi, na hakuna sababu ya kununua kimojawapo. Kasoro inayojitokeza gemu inapofunguliwa, na kutoweka gemu inapofungwa, karibu kila mara ni ya mipangilio. Kwa upande mwingine, picha ikiwa ya rangi ya waridi au ya kijani tangu kompyuta inapowaka, tazama ncha za kebo ya zamani yenye pini 15. Pini moja iliyopinda hutosha kuondoa rangi nzima. Na picha ikicheza au kioo kikijizima nyakati za jioni tu, chunguza umeme kwanza. Wakazi wa wilaya hizi waliotumia umeme wa majenereta ya dizeli kwa miaka mingi, kabla ya kuunganishwa na gridi ya taifa mwaka 2022, wanafahamu vyema jinsi umeme hafifu unavyotesa vifaa. Hakuna mpangilio wa gemu unaotibu umeme hafifu. Kifaa cha kudhibiti umeme, yaani stabilaiza, ndicho kinachohitajika hapo.

Ikithibitika kuwa tatizo ni la gemu, ifungue, na kioo kikiwa cheusi bonyeza kitufe cha Alt pamoja na Enter. Gemu nyingi, hasa za zamani, hutoka kwenye kioo kizima na kuingia kwenye dirisha kwa vitufe hivyo viwili. Picha ikirejea, ingia kwenye mipangilio ya gemu, tafuta neno "Resolution", na uchague hesabu inayolingana na kioo chako. Vitufe hivyo visiposaidia, bonyeza Alt pamoja na F4 ili kuifunga gemu, kisha uende kwenye faili ya mipangilio, ambayo mara nyingi hukaa katika folda ya "Documents" yenye jina la gemu. Usiifute faili hiyo. Ibadilishe jina tu, na gemu itajitengenezea nyingine mpya inapofunguliwa. Kabla ya hapo nakili folda nzima mahali pengine, kwa maana hatua ulizofikia katika gemu huenda zimehifadhiwa humo humo, na kijana aliyecheza miezi mitatu hatakushukuru ukizipoteza.

Kama umebadilisha mpangilio na kioo kikazimika papo hapo, acha kubonyeza chochote kwa sekunde 15 hivi. Windows, pamoja na gemu nyingi, hurudisha mpangilio wa zamani zenyewe zisipopata uthibitisho wako. Watu wengi hujiharibia hapa kwa kubonyeza Enter kwa hofu, na hivyo kuthibitisha kile wasichokiona. Katika Windows 10 na zilizofuata kuna njia nyingine: shikilia kwa pamoja kitufe cha Windows, Ctrl, Shift na B. Kioo hupepesa, na mfumo wa picha huanza upya bila kuzima kompyuta.

Gemu za miaka ya 2000 zastahili kutajwa peke yake, kwa kuwa kompyuta zenye nguvu ndogo huzimudu. Grand Theft Auto III na Vice City zinafahamika kwa kukataa kufunguka kwenye kompyuta mpya kiasi, zikidai kwamba hazikuona njia ya picha ya 640 kwa 480. Ujumbe huo humfanya mtu adhani kadi yake ni mbovu. Kwa kweli hesabu ya 640 kwa 480 ni kipimo cha kale cha mfumo wa VGA, uliotolewa na IBM mwaka 1987, na kadi ya leo inakiweza bila shida. Ila mifumo mipya haikitangazi kwa gemu mpaka iambiwe. Bonyeza alama ya gemu kwa kitufe cha kulia cha kipanya, chagua "Properties", kisha "Compatibility", na uweke tiki kwenye mstari unaotaja 640 x 480. Kazi hiyo haihitaji intaneti wala fundi.

Kuna kasoro moja ya muuzaji ambayo huonekana kama kasoro ya gemu. Kompyuta iliyotumika aghalabu huwekewa Windows upya kabla ya kuuzwa, na anayefanya kazi hiyo kwa haraka huacha kuweka programu inayoendesha kadi ya picha, ambayo mafundi huiita draiva. Matokeo yake ni gemu nzito, nukta chache za kuchagua, au gemu kutofunguka kabisa. Kulitambua ni rahisi: fungua "Device Manager", kisha "Display adapters". Ukikuta maneno "Microsoft Basic Display Adapter" badala ya jina la Intel, AMD au NVIDIA, draiva halisi haijawekwa. Kampuni hizo huitoa bila malipo katika tovuti zao. Fundi anayo haki ya kutoza muda wake na bando alilotumia kuipakua. Hana haki ya kukuuzia draiva kana kwamba ni bidhaa yake, wala ya kukuambia kuwa kadi imeungua.

Kwa wanaotumia televisheni, malalamiko ya kawaida ni kwamba kingo za picha zimekatwa, hata ramani au idadi ya risasi iliyo pembeni haionekani. Hiyo ni tabia ya televisheni, si ya gemu. Tumia rimoti, ingia kwenye ukubwa wa picha, na uchague "Just Scan", "Screen Fit" au neno jingine lenye maana hiyo.

Wenye vibanda vya gemu wana shida zao. PlayStation 3 iliyohamishwa kutoka televisheni moja hadi nyingine yaweza kuwaka bila kuonyesha picha. Izime, kisha shikilia kitufe cha kuwashia mpaka usikie mlio wa pili, nayo itarudi kwenye picha ya msingi. PlayStation 2 iliyotengenezwa kwa soko la Marekani au Japani hutoa picha ya mfumo wa NTSC, ilhali televisheni zetu za zamani zimeundwa kwa mfumo wa PAL. Ndiyo maana picha huja bila rangi au hupanda na kushuka. Jaribu kuweka mfumo wa rangi wa televisheni kuwa "Auto". Lakini kabla ya hayo yote, soma kibandiko kilicho nyuma ya mashine. Ya Japani yaweza kuandikwa volti 100 na ya Marekani volti 120, nayo ikichomekwa moja kwa moja kwenye umeme wetu wa volti 230 huungua, na inaweza kuwaka moto.

Tunageukia haki zako. Unaponunua kompyuta kwa ajili ya gemu, mweleze muuzaji hivyo waziwazi: "Kaka, mashine hii naitaka kwa gemu fulani, na nyumbani nina kioo cha inchi 17." Maneno hayo si mazungumzo ya kupitisha wakati. Chini ya sheria ya mauzo ya bidhaa, muuzaji aliyeelezwa matumizi yanayokusudiwa, na ambaye mnunuzi anautegemea ujuzi wake, anabeba wajibu wa kutoa bidhaa inayofaa kwa matumizi hayo. Mwombe aifungue gemu hiyo mbele yako, ikiwezekana kwenye kioo ulichokuja nacho, kwa kuwa kioo cha dukani si ushahidi wa kutosha. Dai risiti ya mashine ya EFD, na katika karatasi ya ziada aandike aina ya kompyuta, jina la kadi ya picha na muda wa dhamana.

Tangazo la ukutani lisemalo "Bidhaa ikishauzwa hairudishwi" halimwondolei muuzaji wajibu huo. Sheria ya Ushindani ya mwaka 2003 inakataza kumpotosha mlaji kuhusu ubora na uwezo wa bidhaa. Fundi naye hana budi kusema ukweli kuhusu huduma anayoiuza. Muulize gharama ya uchunguzi kabla hajafungua kompyuta. Akisema kioo kimekufa, mwombe akiunganishe na kompyuta nyingine mbele yako, jambo la dakika mbili. Akibadilisha kifaa, omba upewe kile cha zamani.

Ikiwa muuzaji au fundi amekupotosha na hataki kurekebisha, anza kwa kumwandikia barua fupi yenye tarehe, ukaiambatanishe na nakala ya risiti. Asipojibu, peleka nakala za barua na risiti kwa Tume ya Ushindani, ijulikanayo zaidi kwa herufi FCC. Piga pia picha ya kioo kikiwa na maandishi yanayolalamikiwa, na nyingine ya ukurasa wa "Display adapters", kisha uziambatanishe. Picha hizo mbili zitamwezesha anayeshughulikia lalamiko kujua kama ni kifaa au ni mpangilio, hata akiwa hajaiona kompyuta yenyewe.