Niliyojifunza Mwatate, Mimi Mtoto wa Minjila

Minjila, jirani na Garsen, ni mji wa njia panda. Magari ya Malindi, Hola na Lamu hupita hapo, na anayekulia hapo huzoea kuona mali ikipita: maembe, ng'ombe, samaki wakavu wa Mto Tana. Nami nilipita. Nilipata kazi katika duka la vifaa mjini Mwatate, kaunti ya Taita Taveta, nikawa nawauzia wachimbaji wa vito sururu, mabeleshi, mitaimbo, kamba na betri za tochi. Haya niliyapata pale kaunta na kwenye machimbo ya upande wa Kamtonga na Kasighau, nilikokuwa nikipeleka bidhaa.

1. Anayelijua jiwe ndiye anayetaja bei

Jiwe linalosifika zaidi huko ni tsavoraiti, la kijani, ambalo wachimbaji huliita grini tu. Mwaka 1967 mwanajiolojia Campbell Bridges, mzaliwa wa Scotland, aliliona Simanjiro, Tanzania. Miaka michache baadaye akalipata tena Taita, katika mkanda uleule wa miamba ya kale unaovuka mpaka. Mwaka 1974 kampuni ya Tiffany ya New York ikalipa jina hilo kutokana na mbuga ya Tsavo. Kijani chake kinatokana na vanadi na kromi zilizomo ndani. Likishachongwa, jiwe safi lenye uzito wa karati mbili huwa adimu, na karati moja ni sehemu ya tano ya gramu. Kwa hiyo mtu huvunja mwamba miezi na miezi akitafuta kitu kisichozidi punje ya mahindi.

Halafu broka anafika na pikipiki. Ana tochi ndogo na mizani ya mfukoni. Analigeuza jiwe mbele ya mwanga, anatafuta ufa, anatafuta uchafu, anasonya kidogo. Nilichokigundua ni kwamba mchimbaji halitazami jiwe wakati ule. Anautazama uso wa broka, maana humo ndimo atakamosoma bei.

Nilikuwa nimeshaliona jambo hilo nyumbani. Wanunuzi wa maembe hufika mashambani kwetu kando ya mto, hutazama mti, hukadiria kwa macho na kulipia mzigo ungali matawini. Mkulima hajui embe lake litauzwa kiasi gani Kongowea, Mombasa. Nilipoyakuta yaleyale kwenye vito, uchungu uliniingia, kwa sababu nilijua kumbe shida si embe wala jiwe, ni muuzaji kutojua bei.

Kulikuwa na mama mmoja mchimbaji, mteja wetu wa siku nyingi, aliyenikalisha chini siku moja akanifundisha kuangalia jiwe kwa tochi. Akaniambia, "Mwanangu, jiwe usiliuze usiku, na usiliuze ukiwa na njaa." Yeye na wenzake walikuwa wamenunua mizani yao wenyewe, na wakiuza, huuza pamoja, mchana, kila mmoja akisikia bei inavyotajwa. Siku hizi Voi kuna kituo cha serikali cha kuongeza thamani ya vito. Naamini kila kijana anayeshika sururu angepaswa kupita pale kwanza, ajue kupima na kupanga mawe kwa ubora kabla ya kwenda shimoni.

Majirani zetu Tanzania walichukua hatua kubwa zaidi. Tangu 2019 wamefungua masoko ya madini mikoani, mahali ambapo mchimbaji mdogo hupimiwa mali yake waziwazi. Mwaka 2020 Saniniu Laizer wa Mererani aliuza mawe mawili ya tanzanaiti, moja la kilo 9.27 na jingine la kilo 5.1, na serikali ikamlipa shilingi za Tanzania bilioni 7.74. Wengi walizungumzia utajiri wake. Mimi kilichonigusa ni kwamba uzito ulitangazwa, bei ikatangazwa, na mzee mwenyewe alikuwa amesimama hapohapo.

2. Uliza maji kabla ya kuuliza madini

Machimboni maji hununuliwa kwa mtungi, na msimu wa kiangazi mtungi ule humaliza pesa haraka kuliko chakula. Na hii ndiyo kaunti ambamo bomba la chemchemi za Mzima limekuwa likipitisha maji kwenda Mombasa tangu miaka ya 1950. Sisi wa Tana tunajua habari hizo. Mto wetu unazungusha mitambo ya umeme Masinga, Kamburu, Gitaru, Kindaruma na Kiambere, na maji ya tawimto lake, Thika, hunywewa Nairobi, ilhali kuna vijiji vya Delta ambako mama bado anachota mtoni penye mamba.

3. Shimo ni la mwenye mtaji

Mchimbaji wa mikono mara nyingi huingia shimoni kwa unga wa mtu mwingine. Mwenye mtaji hutoa chakula, zana na nauli. Jiwe likipatikana, gharama hukatwa kwanza, kisha kinachobaki hugawanywa. Si mpango mbaya wenyewe, maana bila huyo mtu wengi wasingechimba kabisa. Ubaya huja pale ambapo gharama zimeandikwa upande mmoja tu. Vijana waliokuja dukani na daftari, wakaniomba nami niandike tarehe na bei ya kila beleshi, walikuwa wachache, na siku ya kugawana walikuwa na cha kuonyesha.

4. Mpaka usioeleweka huua

Agosti 2009 Bridges, yule mwanajiolojia wa tsavoraiti, alishambuliwa na kuuawa karibu na Voi, baada ya ugomvi wa miaka kuhusu nani ana haki ya kuchimba eneo lake. Mwaka 2014 mahakama iliwatia hatiani wanaume wanne. Watu wa Mwatate wakikisimulia kisa hicho hushusha sauti, nami nilikisikiliza kama mtu wa Tana Delta, ambako kati ya Agosti 2012 na Januari 2013 zaidi ya watu 100 walipoteza maisha katika mapigano ya wakulima na wafugaji, ardhi na maji vikiwa katikati yake.

Taita ardhi yenye mawe inaweza kuwa ya ranchi, leseni ikawa ya mtu mwingine, na shimo likawa la kijana asiye na karatasi yoyote. Chini ya Katiba madini ni mali ya umma yanayoshikiliwa na serikali ya kitaifa, hata yakiwa chini ya shamba lako. Sheria ya Madini ya 2016 ilimfungulia mchimbaji mdogo mlango wa kupata kibali chake mwenyewe, na ikaamua mrabaha ugawanywe: asilimia 70 serikali ya kitaifa, 20 kaunti, 10 jamii inayoishi palipochimbwa. Nilikutana na wachimbaji wengi waliozijua asilimia hizo kwa moyo, ambao hawakuwa wamewahi kuona shilingi ya ile 10. Hasira yao ni halali.

5. Mvua ikinyesha, toka

Kifusi kilicholowa hakitoi onyo. Kule Mererani, kwenye machimbo ya tanzanaiti, walizika watu wengi baada ya mafuriko ya 1998, na tena baada ya yale ya 2008. Hata hivyo, dukani kwetu kamba ya kujiokolea ndiyo wachimbaji waliyoiulizia mwisho, baada ya kila kitu kingine.

6. Kwetu kuna jasi

Tana River haina grini. Ina jasi, inayohitajika na viwanda vya saruji, na ina mchanga. Nikirudi Minjila vijana huniuliza kama kuna pesa humo. Nawajibu kwamba waanze na ardhi. Sehemu kubwa ya ardhi yetu ni ya jamii, na mpaka isajiliwe chini ya Sheria ya Ardhi ya Jamii ya 2016, kaunti ndiyo inayoishikilia kwa niaba yetu. Sheria ya Madini inataka ridhaa kabla ya leseni kutolewa kwenye ardhi kama hiyo. Jamii iliyosajiliwa hutoa ridhaa hiyo yenyewe, kwa masharti yake. Ile isiyosajiliwa, ridhaa yake itatolewa na ofisi, si yenyewe.

Kwa hiyo nawaomba Wapokomo, Waorma, Wawardei na wote tunaoishi hapa tukae pamoja sasa, kabla ya lori la kwanza, tukubaliane mipaka, njia za mifugo kwenda mtoni, na majina ya watakaotia sahihi. Halafu mizani. Jasi hupimwa kwa tani, na mizani hiyo iwe mahali ambapo wenye ardhi wanaweza kuisoma.