Amri ya Mahakama Kuhusu Maegesho: Tuitii Vipi?



Tabora ni mahali pa kutua tangu enzi za misafara. Wapagazi waliotoka Bagamoyo walishusha mizigo hapa na Kwihara, wakapumzika, kisha njia zikagawanyika, moja kwenda Ujiji, nyingine kaskazini kuelekea Karagwe. Siku hizi wanaotua ni mabasi, daladala, bajaji na bodaboda, na ugomvi wa nani aegeshe wapi haujaisha. Somo la robo hii linahusu ugomvi huo unapofika mahakamani.

Tuchukue mfano wa kubuni. Parokia ina kiwanja kando ya barabara ya Kipalapala. Madereva wanaegesha hapo, mama lishe wanauza chai, na parokia inapata kodi kidogo ya kulipia chekechea. Jirani anadai sehemu ya kiwanja ni yake. Anafungua kesi, na mahakama inatoa zuio la muda: magari yasiegeshwe mpaka shauri lisikilizwe. Mwenyekiti wa kamati anasema, "Hati tunayo, waendelee tu."

Hapo mwenyekiti amekosea, hata kama hati ni halali kabisa. Zuio la muda halisemi kiwanja ni cha nani. Linazuia mambo yasiharibike kabla ya hukumu. Kwa Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, anayelikiuka anaweza kukamatiwa mali, na anaweza kuwekwa ndani kama mfungwa wa madai kwa muda usiozidi miezi 6. Kanuni ya Adhabu nayo inataja kifungo cha hadi miaka 2 kwa kutotii amri halali. Na gereza halipokei parokia, linapokea mtu.

Je, kama amri yenyewe ni mbovu? Mwaka 1952, huko Uingereza, katika kesi ya Hadkinson, mama alimpeleka mtoto wake Australia bila ruhusa ya mahakama. Akaamriwa kumrudisha, naye akataka kukata rufaa. Mahakama ya Rufani ilikataa kumsikiliza mpaka kwanza amrudishe mtoto. Amri hutiiwa mpaka mahakama iiondoe. Asiyeridhika arudi mahakamani kuomba ibadilishwe au ifutwe. Katika mfano wetu, kamati ingeweza kuomba mama lishe waachiwe kona yao.

Si kila kosa ni dharau ya mahakama. Lazima amri iwe wazi, mhusika awe anaijua, na awe amekaidi kwa makusudi. Kwa hiyo ombeni nakala yenye muhuri na muisome yote. (Kumkimbia mpeleka hati hakusaidii kitu.) Tazameni tarehe: zuio la muda hudumu si zaidi ya miezi 6, laweza kuongezwa, lakini jumla isizidi mwaka 1. Kabla ya kurudisha magari, ulizeni masjala kama limeongezwa.

Ikiwa mgogoro ni na halmashauri, utaratibu ni mwingine. Tangu marekebisho ya sheria ya 2020, anayetaka kuishtaki halmashauri hutoa notisi ya siku 90, humuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na hufungua shauri Mahakama Kuu, ambayo Tabora ipo.

Wenye madaraka nao wanabanwa. Kenya ilitunga sheria ya dharau ya mahakama mwaka 2016, iliyotaka taasisi ya serikali ipewe kwanza notisi ya siku 30 kabla ya kushtakiwa kwa dharau. Novemba 2018 Mahakama Kuu ya Kenya iliifuta sheria hiyo yote kwa kuwa inakwenda kinyume na Katiba.

Maswali ya kujadili: Nani katika kamati yenu hupokea hati za mahakama, na huzitunza wapi? Je, kodi ya maegesho ikisimama miezi 6, chekechea italipiwa na nini?