Bima Hailipii Sindano, Inalipia Mgongo: Mafunzo Niliyopata

Sisi tunaobeba boksi huku kusini mwa Seattle, hasa tunaohudumia wazee majumbani, mgongo ndio mtaji wetu. Unamgeuza mzee kitandani, unamshusha kwenye kiti cha magurudumu, unamwingiza bafuni, unamrudisha. Miaka ikipita kiuno kinaanza kukudai. Changu kilipoanza, vidonge vya maumivu vikaniharibia tumbo, na daktari akaniandikia akupancha, yaani tiba ya Kichina ya sindano. Wakati huohuo shangazi yangu, mzaliwa wa Unguja aliyefanya kazi Marekani mpaka akastaafu, alikuwa akilalamikia kiuno na goti. Nikajikuta na mafaili mawili mkononi: la bima yangu ya kazini, na la shangazi la Medicare, yaani bima ya serikali kwa wazee. Mengi ya haya nimejifunza kwa faili la shangazi.

1. Hakuna bima inayolipia "akupancha" hivihivi

Ukiuliza, "Je, mnalipia akupancha?" utajibiwa ndiyo, na hiyo ndiyo haitakusaidia kitu. Kinacholipiwa ni ugonjwa uliotajwa kwa jina, kwa muda uliotajwa, kwa idadi iliyotajwa.

Chukua Medicare. Tangu tarehe 21 Januari 2020 inalipia akupancha kwa maumivu sugu ya kiuno tu. Sugu maana yake yawe yamedumu wiki 12 au zaidi. Yasiwe yametokana na saratani iliyosambaa, maambukizi au ugonjwa mwingine unaojulikana, yasihusiane na upasuaji, yasihusiane na ujauzito. Ukitimiza hayo unapewa hadi mara 12 ndani ya siku 90. Ukionekana kupata nafuu unaongezewa 8, lakini zote kwa mwaka zisizidi 20. Hata hapo si bure: unamaliza kwanza kiasi chako cha mwaka, ambacho mwaka 2025 kilikuwa dola 257 kwa huduma zote za nje ya wodi, kisha unachangia asilimia 20 ya kila huduma. Mzee jirani yetu aliyewahi kupasuliwa uti wa mgongo aliondoka kliniki bila hata kuvua viatu. Maumivu yake yalikuwa makali kuliko ya shangazi, ila hayakuwa na sifa.

Mipaka hii inafuata ushahidi, au angalau ushahidi ambao walipaji wamekubali kuusoma. Mwaka 1997 jopo lililoitishwa na taasisi za taifa za utafiti wa afya, NIH, lilisema akupancha imeonyesha matokeo kwa kichefuchefu baada ya upasuaji na baada ya dawa za saratani, na kwa maumivu baada ya upasuaji wa meno. Mpaka leo, katika jimbo la California, bima nyingi zinazouzwa chini ya sheria ya afya ya Obama zinataja kichefuchefu na maumivu sugu, basi. Ukija na usingizi unaokukimbia au mzio wa vumbi, lipa mwenyewe.

2. Goti la Ujerumani si goti la Marekani

Hapa ndipo shangazi aliponishinda kwa hoja. "Mwanangu," aliniuliza, "mgongo wangu na goti langu si mwili mmoja?" Mtaalamu alikuwa tayari kumchoma kote kuwili, lakini Medicare ilimtaka aguse kiuno tu. Kwa ajili ya goti kliniki ilimletea karatasi ya kusaini, inayosema kwamba huenda Medicare isilipe na kwamba mgonjwa amekubali kulipa mwenyewe. Karatasi hiyo isainiwe kabla ya huduma, bei ikiwa imeandikwa. Ukiona kisanduku cha bei kiko wazi, rudisha kalamu mezani.

Binamu yangu aliyeko Cologne alicheka tulipomsimulia. Ujerumani, tangu tarehe 1 Januari 2007, bima za umma zinalipia akupancha kwa maumivu sugu ya kiuno na kwa goti lililolika gegedu, maumivu yakiwa yamedumu angalau miezi sita. Kwa kawaida ni hadi mara 10. Maumivu ya kichwa yaliachwa nje, kwa kuwa tiba ya kawaida ilionekana kufanya kazi sawa.

Uamuzi wa Wajerumani una kisa kinachostahili kujulikana. Kabla ya kuamua, bima zenyewe zilifadhili majaribio makubwa. Katika jaribio la kiuno, lililochapishwa mwaka 2007, wagonjwa 1,162 waligawanywa makundi matatu. Kundi la kwanza lilichomwa kwa kufuata vituo vya mwilini vinavyotajwa na tiba ya Kichina. La pili lilichomwa juujuu, mahali pasipo na kituo chochote. La tatu lilipata dawa na mazoezi ya kawaida. Baada ya miezi sita waliopata nafuu walikuwa asilimia 47.6 kwa kundi la kwanza, 44.2 kwa la pili, na 27.4 tu kwa la tatu. Sindano za kweli na za kuzuga zilikaribiana, na zote zikaacha mbali tiba ya kawaida. Anayeipinga akupancha husoma namba mbili za kwanza, anayeitetea husoma ya kwanza na ya tatu, na bima ya Ujerumani iliamua kulipa kwa sababu wagonjwa walipata nafuu. Mimi ninayeishi na kiuno hiki naona waliamua kwa haki. Ila sitamlaumu anayesema kwamba nusu ya dawa ni kulala kitandani huku mtu mpole akikusikiliza.

3. Uliza anayeshika sindano ni nani

Shangazi alikuwa na mtaalamu wake wa mtaani, mama wa Kichina mwenye mikono myepesi kama anayechagua mchele. Alikuwa na leseni ya jimbo na shahada. Medicare haikuweza kumlipa hata senti, kwa sababu haimtambui mtaalamu wa akupancha kama mtu anayeweza kuiletea bili mwenyewe. Ni lazima afanye kazi chini ya usimamizi wa daktari, au msaidizi wa daktari, au muuguzi mwenye mamlaka ya kutibu, na bili itoke upande huo. Daktari mwenyewe anaweza kuchoma akifuata masharti ya jimbo lake; wengine, yaani msaidizi wa daktari, muuguzi na mtaalamu, sheria inawataka wawe na shahada ya uzamili au ya uzamivu ya akupancha kutoka chuo kilichoidhinishwa, pamoja na leseni. Ujerumani ni tofauti: anayelipwa na bima ya umma ni daktari aliyepata mafunzo ya ziada, na mtaalamu asiye daktari hayumo.

Tulimtafutia shangazi kliniki ya maumivu yenye daktari na mtaalamu chini ya paa moja. Ni mbali, na mtaalamu wa huko ana haraka. Shangazi, ambaye ujanani Unguja alichomwa sindano bure na madaktari wa Kichina pale Mnazi Mmoja, hakuelewa kwa nini katika nchi tajiri kuliko zote amwache mtu anayemwamini. Sikuwa na jibu la kumpa.

4. Soma tarakimu za bili

Karatasi inayotoka kwa bima imeandikwa juu kabisa "hii si bili", na ndiyo sababu watu wengi huitupa. Usiitupe. Yangu ilikuwa na mistari miwili: 97810 na 97811. Ya kwanza ni robo saa ya mwanzo ambayo mtaalamu yuko nawe ana kwa ana, ya pili ni robo saa nyingine akichoma sindano mpya. Sindano zikiunganishwa na umeme mdogo, tarakimu huwa 97813 na 97814.

Muda ule mrefu unaolala peke yako chini ya taa ya joto, sindano zikiwa mwilini, hauhesabiwi. Mtaalamu hufungua pakiti, anaweka kibomba cha plastiki kwenye ngozi, anakigonga kwa kidole, sindano inaingia; anaendelea hivyo mpaka amemaliza, anazima taa kubwa, anatoka. Saa ya bima husimama mlango ukifungwa. Kwa hiyo ukiona umekaa saa nzima na bili inasema nusu saa, hujaibiwa. Ukiona kinyume chake, uliza.

Tarakimu ya ugonjwa nayo ina visa vyake. Maumivu ya kiuno yalikuwa M54.5 mpaka tarehe 1 Oktoba 2021, yalipogawanywa kuwa M54.50, M54.51 na M54.59. Kliniki iliyoendelea kuandika ile ya zamani ilirudishiwa madai yake, na mgonjwa akapata barua ya kukataliwa iliyomtisha bure. Simu moja kwa karani wa bili, tarakimu ikarekebishwa, madai yakapita.

Kuumikwa, kufukizwa majani na dawa za mitishamba ni vitu vya pembeni. Mtaalamu anaweza kuvipendekeza katikati ya tiba, umelala kifudifudi, usiweze hata kumwona usoni. Sema hapana mpaka ujue bei.

5. Sheria ya jimbo haiwafikii wote

Washington ni miongoni mwa majimbo ambayo akupancha imo katika huduma za lazima kwa bima zinazouzwa kwa watu binafsi na biashara ndogo. Rafiki zangu wenye bima hizo hupata hadi mara 12 kwa mwaka. Mimi nilidhani nimo. Kumbe waajiri wakubwa wengi hawanunui bima: wanalipa matibabu ya wafanyakazi kutoka mfuko wao, na kampuni ya bima inaendesha makaratasi tu. Jina lake liko kwenye kadi yako, lakini mpango wa namna hiyo uko chini ya sheria ya shirikisho, na masharti ya jimbo kuhusu huduma za bima hayaufungi. Muulize ofisa wa rasilimali watu swali hili kwa maneno haya: mpango wetu unajigharimia wenyewe, au ni bima iliyonunuliwa?

6. Punguza "alhamdulillahi"

Hili sijaliona likiandikwa popote. Medicare inataka tiba isimame kama mgonjwa hapati nafuu, na zile 8 za nyongeza zinategemea daftari la mtaalamu. Sasa mtaalamu akimuuliza shangazi, "Unaendeleaje?" shangazi anajibu kama alivyolelewa: "Alhamdulillahi, hivyohivyo tu." Kwake hiyo ni adabu. Kwenye daftari inaandikwa: hakuna mabadiliko.

Tukakubaliana awe anataja kazi. Mwezi uliopita nilikuwa nakaa kwenye kiti ili nikune nazi, siku hizi nasimama mpaka nimalize. Nilikuwa naswali nimeketi, sasa narukuu. Zamani niliamka usiku mara tatu, jana mara moja. Maneno hayo yakaandikwa yalivyo, na nyongeza ikapita. Ikiwa hali ni mbaya, iseme vilevile kwa kazi zilizokushinda. Wengine wetu tumezoea kuficha maumivu mbele ya wageni, na bima ni mgeni anayeamini maandishi tu.

7. Barua ya kukataa ina saa ndani yake

Kwa bima nyingi za kazini na za sokoni una siku 180 tangu kupata barua kukata rufaa ndani ya kampuni. Wakikataa tena, na sababu ikiwa ya kitabibu, unaweza kudai mkaguzi wa nje asiye mtu wao, ndani ya miezi minne. Rufaa yenye maneno ya uchungu haisomwi sana. Yenye barua ya daktari, maandishi ya maendeleo na ukurasa wa mkataba unaotaja akupancha husomwa.

8. Wakikataa kabisa

Akupancha inakubaliwa na mamlaka ya kodi ya Marekani kama gharama ya matibabu, kwa hiyo akaunti za afya zinazowekwa pesa kabla ya kukatwa kodi zinaweza kuilipia. Na asiyetumia bima ana haki, tangu Januari 2022, ya kupewa makadirio ya bei kwa maandishi. Bili ikizidi makadirio kwa dola 400 au zaidi anaweza kuipinga. Goti la shangazi linatibiwa kwa kujilipia, kwa yule mama wa Kichina, mara chache kwa mwezi.

9. Dai mkalimani

Nimewaona watu wazima wakimpa simu mtoto wa darasa la sita awaongelee na bima. Mtoto hajui "kibali cha awali" ni nini kwa Kiswahili wala kwa Kiingereza, na hapaswi kujua habari za kiuno cha baba yake. Medicare wana mkalimani wa simu bure, na bima nyingine nazo, kwa kawaida, zinatakiwa kukupa. Akipokea mtu, sema neno moja tu, "Swahili", kisha subiri. Ukishaunganishwa, uliza ugonjwa gani unalipiwa, mara ngapi, na nani anaruhusiwa kuchoma. Andika jina la aliyekujibu, tarehe na namba ya simu hiyo kwenye kumbukumbu zao, kabla hujakata.