Mafunzo Niliyopata Lugari, 2008

1. Imani hairithiwi kama shamba.
Kanisa la Friends, yaani Quaker, lilifika Kaimosi mwaka 1902, na kwetu hakuna anayekumbuka dini nyingine. Tulikua tukifundishwa kwamba Quaker hashiki silaha. Halafu matokeo ya kura ya Kenya ya Desemba 2007 yakatangazwa, na mapigano ya kikabila yakazuka. Vijana wakapita boma kwa boma: kila nyumba itoe mtu mmoja, aje na panga. Kaka yangu alikuwa na miaka kumi na tisa. Alitaka kwenda.

2. Kukataa vita kuna gharama, na hulipwa na nyumba nzima.
Baba alimzuia. Tukaitwa wasaliti, maziwa yetu yakakosa wanunuzi. Hata hivyo ilikuwa nafuu: nchini waliuawa zaidi ya watu 1,100.

3. Mashahidi wawili wa imani moja wanaweza kugombana.
Hili ndilo lililonisumbua zaidi. Mama alimficha jirani yetu, mjane Mkikuyu aliyekuwa akiwindwa, pamoja na wanawe kwenye ghala la mahindi. Vijana walipouliza kama tuna wageni, Mama alijibu, “Hatuna.” Sasa, Quaker haapi hata mahakamani, kwa sababu neno lake linapaswa kuwa kweli siku zote. Baba alisema badala ya kudanganya ingetosha kunyamaza, au kusimama mlangoni. Mama alimjibu kwamba mlango huo ungevunjwa, na wa kwanza kuanguka angekuwa yeye Baba. Usiku ule waliwasindikiza wageni hadi kituo cha polisi cha Turbo, wote wawili, bila kusemezana. Hawajakubaliana mpaka leo. Mimi niko upande wa Mama.

4. Mkataba wa wakubwa haufiki kijijini peke yake.
Viongozi wa pande mbili walitia saini mkataba wa amani Nairobi tarehe 28 Februari 2008. Kwetu mabati yaliyoporwa kwa yule mjane yalikuwa bado juu ya nyumba za watu. Kanisa lilileta mafunzo ya kuacha vurugu, yale yaliyoanzia gerezani New York mwaka 1975, na waliochoma nyumba wakaketi chumba kimoja na waliochomewa. Mabati machache yalirudi, mengine hayakurudi kamwe.

5. Kijana huongozwa na anayemfikia kwanza.
Wanasiasa wana pesa na pikipiki. Mzazi mwenzangu, ongea na mwanao kabla ya kampeni za 2027, kabla hawajabisha hodi.